Mkono Mjinga

Ukienda kwa Mama Vidole na mguu uliovimba, usitegemee akuulize panauma wapi. Hilo aliliona ni swali la wavivu. "Kwani fundi wa redio anaiuliza redio?" alikuwa akisema, huku akivuta kigoda chake karibu na beseni la maji ya moto. Kisha anafumba macho. Anayafumba kabisa, kama mtu anayesinzia kwenye mkutano, na vidole vyake vinaanza safari polepole kutoka gotini kushuka chini. Dereva mmoja wa lori, mtu wa miraba minne, aliwahi kuingiwa na hofu kwa ukimya ule akamuuliza, "Mama, umelala?" Akajibiwa, "Nimelala. Nikiamka utakuwa umepona." Kabla hajamaliza kucheka, kifundo kikalia ko! kikarudi mahali pake. Dereva akalia, halafu akacheka, halafu akaomba maji ya kunywa.

Alichokuwa akikitafuta na macho yaliyofumbwa ni joto. Hivyo ndivyo alivyofundishwa: mfupa uliovunjika una joto lake, dogo, limekaa mahali pamoja kama kaa lililofukiwa kwenye majivu. Msuli uliovutika huvimba na kuuma, ila joto lake limetawanyika, halina makao. Msuli unakandwa kwa mafuta na maji ya moto. Mfupa haukandwi. Mfupa unanyooshwa, unawekewa vijiti, unafungwa, na ukiwa umepasuka vibaya unapelekwa hospitali bila ubishi. Kuukanda mfupa uliovunjika ni kuusaga, na katika kazi ile hapakuwa na kosa baya kuliko hilo.

Kulikuwa na sharti jingine. Vitambaa vyake, ambavyo alivichana kutoka kwenye mashuka machakavu, havikufunguliwa na mtu mwingine. Mkono uliofunga ndio huohuo uliofungua. Sababu yake hakuna aliyeijua, na Mama Vidole mwenyewe ukimbana sana alikuwa akisema tu kwamba mama mkwe alitaka hivyo, na mama mkwe hakuwa mtu wa kuulizwa.

Huyo mama mkwe ndiye chanzo cha yote. Alikuwa muunga mifupa tangu enzi ambazo hospitali ilikuwa habari ya kusimuliwa, na kazi aliipata kwa mama yake, aliyeipata kwa mama yake. Hospitali ilipojengwa, wako waliomwita mchawi na wako waliomwita mshamba, na wote hao walipoteguka walikuja kwa mlango wa nyuma. Aliwapokea, akawafunga, na hakumtangaza mtu. Alikuwa na wana wawili, wa kiume aliyekuja kuwa mlinzi wa ghala, na wa kike. Kila mtu alijua kwamba kazi ingekwenda kwa yule binti.

Binti mwenyewe alijua pia. Tangu akiwa mdogo alishika beseni, alichana vitambaa, alichonga vijiti. Siku ya kujaribiwa ilipofika, mama yake alikivunja kijiti cha ufagio kidogo tu, kisitengane, akakificha chini ya blanketi lililokunjwa, akamwambia afumbe macho apitishe vidole juu na aseme kimevunjikia wapi. Binti akapapasa, akapapasa tena, akataja mahali sipo. Mama akacheka. Bi harusi wa yule kaka, ambaye hakuwa amemaliza hata mwezi katika nyumba ile na alikuwa amesimama mlangoni na sinia la vikombe, akaitwa ajaribu, kwa mzaha tu. Akaweka sinia chini, akafumba macho, akagusa mara moja, akasema, "Hapa."

"Basi," mama mkwe akasema. Kisha akamgeukia binti yake na kutamka neno ambalo mzazi angelimeza kama angejua litaishi miaka mingapi. "Wewe mwanangu una mkono mjinga. Katafute kazi ya macho."

Ndivyo bi harusi alivyokuwa Mama Vidole, na ndivyo wifi yake alivyokuwa fundi cherehani.

Mawifi hao wawili waliishi wakitazamana, nyumba hii na ile, kibaraza kwa kibaraza, na barabara nyembamba katikati. Sauti ya cherehani ikinyamaza ujue wifi ana neno la kusema, na neno lenyewe mara nyingi lilivuka barabara. Mgonjwa akipita anachechemea, wifi anamwita: "Unakwenda kwa yule anayelala kazini? Haya, mchukulie mto!" Mama Vidole naye hakuwa na dogo. Nguo ikitoka kwa wifi na mkono mmoja mrefu kuliko mwingine, alikuwa akipaza sauti: "Mleteni huyo mteja nimvute mkono ulingane na shati!" Watu walicheka, mzee wa nyumba akatikisa kichwa, na cherehani ikaanza tena. Ila katika miaka yote hiyo wifi hakuwahi kumpa Mama Vidole hata kidole kimoja akikande. Alipoteguka shingo alikaa nayo upande wiki nzima, akiwatazama wateja kama kuku, kuliko kuvuka barabara ile.

Jambo hilo lilimuuma Mama Vidole moyoni. Hakuiba kazi ya mtu. Aliitwa na sinia mkononi, akaitika. Lakini nani angemweleza wifi hayo akaeleweka?

Basi ganzi ikaanza. Ilianzia miguuni, akasema ni umri. Ikapanda vidoleni, akasema ni maji ya moto ya miaka mingi. Asubuhi akiamka alijiona kama amevaa soksi mikononi. Mumewe, mlinzi mstaafu ambaye alizoea kuona kila kitu na kusema robo yake, alimwambia aende akapimwe. "Nikapimwe nini? Mimi ndiye ninayepima watu," akajibu, na mzee akarudi kwenye redio yake.

Lakini alianza kujiiba. Alikuwa sasa akifungua jicho moja kidogo, akatazama uvimbe uko wapi. Na siku moja, alipokuwa na mwashi aliyeanguka kutoka kwenye jukwaa la mbao, alijisikia akiuliza kwa sauti ya upole, "Hapa panauma?" Mwashi akafurahi kuulizwa. Habari zikaenea mtaani kwamba Mama Vidole amekuwa na adabu uzeeni. Alizisikia sifa hizo akataka kulia.

Wifi alianguka wakati wa mvua. Alikuwa anatoka nje ya kibanda chake na furushi la sare za shule kifuani, haoni chini, akakanyaga ngazi yenye utelezi. Sare hazikuchafuka, maana alizikumbatia mpaka mwisho, ila mkono wa kulia ulitangulia ardhini. Mama Vidole alimwona kutoka kibarazani kwake. Alimwona akiinuka, akikataa kushikwa na watu, akiutazama mkono wake, halafu akiitazama barabara. Na wifi akavuka.

Aliingia, akaketi kwenye mkeka bila kukaribishwa, akaunyoosha mkono mbele. "Haya," akasema. "Lala basi."

Mama Vidole alishikwa na kigugumizi cha furaha. Miaka yote alikuwa anangoja mkono huo. Akaosha vidole, akavuta kigoda, na kwa heshima ya siku hiyo akafumba macho yote mawili, akakataa kabisa kujiiba. Akapita kwenye kiwiko, akashuka, akafika kwenye kifundo cha mkono. Akatafuta joto. Akatafuta tena. Palikuwa baridi, shwari kabisa, wala hapakuwa na kaa lililofukiwa popote.

"Pana baridi. Msuli tu," akasema kwa shukrani. "Mfupa mzima kama wa msichana."

Wifi aliutazama mkono wake wa kushoto. "Kama umesema," akajibu.

Mama Vidole akamkanda. Alimkanda vizuri kuliko alivyowahi kumkanda mtu, kwa mafuta na kwa maji ya moto, akibonyeza kwa gumba na kuvuta, na wifi akalikamata pindo la kanga yake kwa meno na hakutoa sauti. Jasho lilimtiririka usoni. Mama Vidole alidhani ni kiburi, akakipenda kiburi kile. Kisha akamfunga kwa kitambaa laini kuliko vyote alivyokuwa navyo, bila vijiti, kwa fundo la mama mkwe, lile dogo lisiloonekana kwa urahisi.

Siku zilizofuata cherehani ilinyamaza. Wifi alikaa kibarazani na mkono kifuani, akisema anapona. Vidole vyake vilikuwa vimevimba, vinang'aa, lakini kila alipoulizwa alisema anapona, tena kwa sauti ya juu ili mtaa usikie. "Wifi yangu amenishika vizuri!" alimwambia mteja mmoja, na Mama Vidole aliyekuwa anaanika nguo akasimama na shuka mkononi, asiamini masikio yake. Hakuwahi kusifiwa na mdomo ule. Aliingia ndani akapika akiimba.

Ni hapo jikoni mambo yalipoharibika. Sufuria ilikuwa inachemka, akaishika kwa mikono miwili aiepue. Akatembea nayo mpaka mezani, taratibu, akiendelea kuimba.

"Mama Vidole!" mumewe akapiga ukelele. "Unaungua!"

Akatazama. Hakuwa ameshika kitambaa. Aliiweka sufuria mezani, akaigeuza mikono yake, akaona ngozi ya vidole imekuwa nyeupe na kuanza kuinuka malengelenge. Hakusikia kitu. Hakusikia moto, hakusikia maumivu, na mzee alipommwagia maji hakusikia hata maji. Alisimama tu anavitazama vidole vile kama vya mtu mwingine.

Na hapo wazo likamjia, akakaa chini palepale sakafuni. Kama hakuisikia sufuria inayochemka, angewezaje kulisikia joto la mfupa? Ile baridi haikuwa ya wifi. Ilikuwa yake mwenyewe.

Mfupa haukandwi. Naye aliukanda kwa nguvu zake zote, huku anafurahi.

Aliteswa na mawazo, tusidanganyane. Alijiambia pengine ni msuli kweli. Alijiambia angoje kidogo, labda uvimbe utashuka. Akisema kweli, kazi imekwisha, na itakwisha mbele ya mtu yule ambaye alikuwa akingoja iishe tangu siku ya kijiti. Asiposema, wifi atapoteza mkono wa kulia, na fundi cherehani bila mkono wa kulia ni mtu wa kukaa kibarazani kusubiri kufa. Mumewe alimsikiliza mpaka mwisho, akazima redio, jambo alilokuwa akilifanya kwa misiba tu. "Huyo ni dada yangu," akasema.

Asubuhi alipiga moyo konde, akavuka barabara. Ila ulimi ulikuwa mzito. "Wifi, twende hospitali wakaupige picha huo mkono," akasema. "Kwa uhakika tu."

"Hospitali?" wifi akashtuka. "Si umesema msuli?"

"Nimesema. Lakini twende."

Wifi akavitazama vidole vya Mama Vidole vilivyofungwa bandeji. "Na wewe umefanya nini?"

"Sufuria."

"Hm," wifi akasema, akachukua mtandio wake.

Walikaa kwenye benchi refu la ukumbini, katikati ya watu wenye kukohoa na watoto wenye kulia, mpaka wakaitwa kwenye chumba kidogo chenye pazia la kijani. Nesi alikuwa mwanamke mchangamfu mwenye mikono miepesi. Aliuona mkono, akasema pole, akachukua mkasi ili akikate kitambaa. Wifi akauvuta mkono wake nyuma.

"Samahani, mwanangu," akasema. "Kitambaa hiki kina mwenyewe. Sharti akifungue yeye."

Katika dunia nzima, mtu pekee aliyebaki kulishika sharti la mama mkwe ni binti aliyekataliwa. Nesi akatabasamu, akaweka mkasi chini. "Haya mama, mfungulie."

Akasogea. Kwa mazoea akafumba macho, akapeleka vidole kwenye fundo. Hakulipata. Akapapasa juu, akapapasa pembeni, kitambaa chote kilikuwa kitu kimoja, hakina mwanzo wala mwisho. Akafumbua macho, akaliona, akajaribu kulishika kwa kucha. Likamponyoka. Akajaribu tena, likamponyoka tena, na bandeji zake zikaanza kulegea. Nesi alikuwa amegeuka anaandaa vitu vyake. Wifi alikuwa hajageuka popote. Alikuwa anamtazama usoni.

"Umefumbua macho," wifi akasema polepole.

"Nimefumbua."

"Wewe hufumbui."

Mama Vidole akaona hakuna tena pa kujificha. "Vidole vyangu vimekufa, wifi," akasema. "Vimekufa muda mrefu. Sikusikia kitu siku ile. Nilikuambia baridi kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa baridi. Nimekuumiza. Nilijua ganzi ninayo, nikaficha, nikakuumiza, na siku uliyokuja ndiyo siku niliyokuwa nikiiomba."

Alisubiri kicheko. Alikuwa tayari kwa kicheko, kwa matusi, kwa ukumbi mzima kuambiwa. Badala yake mkono wa kushoto wa wifi ulikuja taratibu, ukaweka kidole kwenye fundo, ukalipata bila kutazama, ukalilegeza. Kisha ukakishika kidole cha Mama Vidole, ukakipachika kwenye ncha ya kitambaa. Wakavuta pamoja. Kitambaa kikafunguka.

"Nililisikia joto," wifi akasema.

"Nini?"

"Siku ileile. Kabla sijavuka barabara. Niliweka huu wa kushoto juu ya huu wa kulia, nikalisikia, dogo, mahali pamoja, kama mama alivyokuwa akisema. Nikajua umevunjika." "Halafu nikaja kwako ukaniambia baridi. Nikasema, yeye ndiye aliyechaguliwa. Mimi mkono wangu ni mjinga, mama alisema. Nikauma kanga."

Mama Vidole alilia, na alilia bila kujizuia, palepale mbele ya nesi ambaye hakuelewa kinacholiliwa ni nini na alileta kiti kwa kudhani ni presha. Hakulia kwa ajili ya vidole vyake. Alilia kwa ajili ya msichana yule aliyepapasa blanketi, aliyechekwa mara moja akaamini maisha yake yote.

Picha ilionyesha mfupa umevunjika na kusogea. Daktari hakugomba. Aliuliza nani aliukanda, Mama Vidole akainua mkono kama mwanafunzi, na daktari akaitazama mikono ile, akaondoa bandeji, akabonyeza kidole kimoja kimoja akiuliza anasikia au hasikii. Akaagiza damu ya Mama Vidole ipimwe sukari kabla hawajatoka. Wifi alinyooshwa upya na kutiwa plasta, akaambiwa ukweli: mkono utafanya kazi, ila hautakunjika kama zamani.

Haukukunjika kama zamani. Mishono ya wifi ilipinda zaidi, na ilibidi achukue kazi nyepesi, mapazia na foronya, vitu visivyo na mikono. Mama Vidole akapewa vidonge vya sukari, akavimeza kwa nidhamu, ila ganzi haikurudi ilikotoka. Aliwaambia watu kweli, mmoja mmoja, kwamba amestaafu na kwa nini. Wengine walisikitika, wachache walisema walijua zamani, kama kawaida ya watu.

Kisha siku moja akaletwa yule dereva wa lori, safari hii kifundo cha mkono kimevimba, anachekacheka kwa woga. "Nimestaafu," Mama Vidole akamwambia kutoka kibarazani. Dereva akabaki amesimama. Ng'ambo ya barabara cherehani ikanyamaza.

Mama Vidole akainuka, akavuka barabara, akarudi amemshika wifi mkono wa kushoto. Wifi alikuwa anapinga njia nzima: "Mimi ni mtu wa mapazia, niache, nimesema niache." Akaketishwa kwenye kigoda. Kiganja chake kikaoshwa, kikawekwa juu ya mkono wa dereva.

"Fumba macho," Mama Vidole akasema.

Wifi akafumba. Vidole vikakaa kimya, vikatembea, vikasimama mahali. Uso wake ukabadilika.

"Mama," dereva akauliza, "huyu naye amelala?"

"Nyamaza," wifi akamwambia, machozi yanamtoka chini ya kope zilizofumbwa. "Joto. Lipo hapa. Huu hatukandi, mpelekeni hospitali."